Asia si muasi, na Nala si zawadi

Safu ya maswali: Mwalimu wetu wa Tanga anajibu barua zenu kuhusu majina ya watoto

Mwalimu, shikamoo. Nina mtoto wa miezi minne, tumempa jina la marehemu bibi wa mume wangu, Asia. Juzi kwenye arobaini ya jirani, binti mmoja aliyesoma madrasa alinivuta pembeni akaniambia jina hilo halifai, maana yake ni "muasi" na Mtume mwenyewe alilikataa. Nikafungua simu. Orodha moja inasema Asia ni "mawio ya jua", nyingine "mwenye kutibu", ya tatu inasema ni bara basi. Mume wangu hataki tubadili, mama mkwe analia. Nifanyeje? (Mama Asia, Tanga)

Marahaba, mwanangu. Mtoto wako hana tatizo lolote, na mama mkwe afute machozi.

Yule binti hakukudanganya, ila amelisoma jambo nusu. Hadithi hiyo ipo na ni sahihi, imo katika kitabu cha hadithi cha Imamu Muslim: palikuwa na mwanamke akiitwa Asiya, Mtume (S.A.W.) akambadilisha jina akamwita Jamila. Lakini Asiya huyo anaandikwa kwa aini na sadi, hivi: عاصية. Neno hilo limetoka kwenye kitenzi kilekile kilichotupa sisi kuasi, maasi na muasi. Bibi yenu ni Asiya mwingine kabisa, wa alifu na sini: آسية. Huyo ni mke wa Firauni, aliyemlea Nabii Musa na kumwamini Mungu ndani ya nyumba ya mtu aliyejiita mungu. Qurani inamtaja bila jina, katika Sura ya At-Tahrim aya ya 11, akiomba ajengewe nyumba Peponi. Jina lake tunalipata kwenye hadithi, na humo anatajwa pamoja na Maryamu binti Imrani kama wanawake waliofikia ukamilifu. Sasa niambie, nani angemkataza mtu kumwita mwanawe kwa jina hilo?

Tatizo limeanzia kwenye herufi zetu. Tulipoanza kuandika Kiswahili kwa herufi za Kirumi, aini na alifu zote zikawa "a", sini na sadi zote zikawa "s", na ha za Kiarabu zikabanana kwenye "h" moja, ndiyo maana Halima, Hadija na Hamisi wanaonekana kama wa ukoo mmoja. Majina mawili yaliyokuwa mbalimbali yakavishwa kanzu moja. Kwa jina lolote lenye asili ya Kiarabu, kabla hujamuuliza mtu maana yake, muulize kwanza linaandikwaje kwa Kiarabu. Akishindwa kukuandikia, basi maana anayokupa ameiokota mahali.

Mfano mzuri tunao nyumbani kwetu. Yule mtawala wa Omani na Zanzibar aliyefariki mwaka 1856 aliitwa Seyyid Said. Wanafunzi wangu walikuwa wakidhani ni neno moja limerudiwa. La kwanza ni cheo, سيد, maana yake bwana. La pili ndilo jina, سعيد, lina aini katikati, na maana yake ni mwenye furaha na bahati njema. Kila mtu anayeitwa Saidi leo ni wa hili la pili, hata kama orodha fulani imemwandikia "bwana".

Turudi kwa hizo orodha zako tatu. "Mawio ya jua" ni maelezo yanayotolewa kwa jina la bara, na hata hilo bara asili ya jina lake ina mabishano ya kale: Herodotus, Mgiriki wa karne ya 5 kabla ya Kristo, alishangaa kwa nini mabara yamepewa majina ya wanawake, akasema Wagiriki hudai Asia alikuwa mke wa Prometheus. Hayo hayamhusu bibi yenu. "Mwenye kutibu" wameipata kwa kulifunga jina kwenye mzizi wa Kiarabu wa kuuguza na kuliwaza. Inapendeza, lakini mimi huipokea kwa tahadhari. Mke wa Firauni alikuwa Mmisri, na jina lake limetufikia kupitia ndimi za Waarabu, kwa hiyo huo mzizi huenda umetafutwa baadaye. Mtu akikuuliza, mwambie mwanangu ameitwa jina la bibi yake, na bibi aliitwa jina la mke wa Firauni. Inatosha.

Kama binti yule bado ana shaka, tafuta maandishi ya marehemu. Watu wa umri wake pwani hii waliandika kwa herufi za Kiarabu. Angalia cheti chake cha ndoa, angalia ndani ya jalada la msahafu wa familia ambako watu waliandika tarehe za kuzaliwa. Utaiona sini yake na meno yake matatu.

Mwalimu, shikamoo kutoka Columbus, Ohio. Mimi ni mzaliwa wa Morogoro, mke wangu ni Mmarekani mweusi, tunatarajia mtoto. Anataka jina la Kiswahili na ana orodha mkononi: Nala "zawadi", Zuri "mrembo", Nia "lengo", na akiwa wa kiume Jabari "shujaa". Sijawahi kusikia nala ikimaanisha zawadi, lakini kila orodha ninayofungua inasema hivyo, nimeanza kujitilia shaka Kiswahili changu. (Baba Mtarajiwa)

Marahaba. Kiswahili chako kizima, usikitilie shaka. Hakuna kamusi ya Kiswahili yenye nala kwa maana ya zawadi. Ukilitazama kwa sarufi, nala ni sentensi kamili: na-la, yaani ninakula. Wazee na watunga mashairi husema "nala wali" bila wasiwasi. Mtoto anayekataa uji lingemfaa, nakubali, lakini zawadi hapana.

Umesema kila orodha inakubaliana. Hapo ndipo watu wanapotekwa. Wanazuoni wa hadithi hawahesabu midomo, huuliza isnadi: huyu kasikia kwa nani, na yule kwa nani? Watu mia wakiwa wote wamesikia kwa mtu mmoja, shahidi ni mmoja. Orodha za majina zinanakiliana, mpaka makosa ya chapa yananakiliwa. Kwa hiyo usiangalie ni ngapi. Chukua jina moja unalolijua vizuri, Jumanne kwa mfano, au la kabila lako, utazame orodha ile imesemaje. Ikikosea unalolijua, utaiaminije kwa usilolijua?

Kuna Nala wa kweli, lakini yuko India: ni mfalme katika utenzi wa Mahabharata, mumewe Damayanti. Mwanamume.

Zuri ni shina la sifa lililokosa kichwa. Sisi husema mtoto mzuri, jina zuri, nyumba nzuri. Zuri peke yake tunalisemea tunda, au gari. Huko kwenu limeshazoeleka kama jina na silipigi vita, mkeo ajue tu kwamba siku atakapomleta mtoto Morogoro, mashangazi watauliza "zuri nini?"

Nia ni la Kiswahili kweli, limetoka kwenye Kiarabu, na limeenea Marekani kwa sababu ya Kwanzaa, sikukuu iliyoasisiwa mwaka 1966 na Maulana Karenga. Nguzo zake saba zina majina ya Kiswahili, Nia ni ya tano na Imani ni ya mwisho. Ila akikutana na Nia wa Wales asimkumbatie kama ndugu: kule jina hilo ni umbo la Niamh la Kiayalandi, lenye maana ya mng'aro. Tahajia moja, koo mbili.

Jabari linahitaji heshima kidogo. Al-Jabbar ni katika majina 99 ya Mwenyezi Mungu, Mwenye nguvu asiyepingwa. Ndiyo maana mcheza kikapu Kareem Abdul-Jabbar alipobadili jina mwaka 1971 alitanguliza Abdul, mja wa huyo Jabari. Katika Kiswahili cha mitaani ukimwita mtu jabari unaweza kuwa unamsifu nguvu au unamlaumu kwa ubabe. Shujaa ni shujaa, tunalo neno lake.

Kama mama mtoto moyo wake uko kwenye zawadi, mpe mjadala huu: Zawadi lenyewe ni jina la watu, ukiliita kwa sauti Bukavu au Goma wataitika wengi. Tunu ni kitu cha thamani na adimu anacholetewa mtu. Fupi, tamu, na Mmarekani hatalivunja. Hidaya pia ni zawadi, kutoka Kiarabu. Mimi kura yangu ni Tunu.

Mwalimu, mume wangu anaitwa Hamisi, na kadi yake ya kliniki inaonyesha alizaliwa Jumapili. Wifi anasema kadi ina makosa. (Mke wa Hamisi, Lindi)

Kadi haina makosa, mama. Majina ya siku hurithiwa kama majina mengine. Bibi yangu mzaa mama aliitwa Chausiku, na alizaliwa Pangani mchana wa jua kali, kwa sababu Chausiku alikuwa shangazi yake. Muulizeni mzee yeyote wa upande wa mumeo Hamisi wa kwanza alikuwa nani.

Wifi akikaza, mchokoze: mwambie atafute siku ya tano ya wiki. Waarabu huanza kuhesabu Jumapili, kwa hiyo Alhamisi ni ya tano, na ndilo neno lenyewe. Sisi huanza Jumamosi, kwa hiyo ya tano ni Jumatano. Wiki ya Mswahili ina siku ya tano mara mbili, zimefuatana, na hakuna aliyewahi kulalamika.

Habari Mwalimu. Nilijifungua saa nane usiku, msichana. Mimi ni Mkamba, mume wangu ni Mjaluo. Nataka Vanessa, nimesoma ni Kigiriki, "kipepeo". Mama mkwe anataka Anyango, jina la marehemu mamake. Lakini wameniambia Anyango ni aliyezaliwa asubuhi jua likishapanda, na wangu alizaliwa usiku, si angekuwa Atieno? Sasa naona jina lao ndilo lina makosa, langu liko sawa. (Mama Mpya, Nairobi)

Mambo yamepinduka, mwanangu: lao liko sawa na lako ndilo lina mushkeli. Nitaanza na lako.

Vanessa halina Kigiriki ndani yake. Lilitungwa na mtu mmoja, mwandishi wa Ireland Jonathan Swift, mwanzoni mwa karne ya 18. Alikuwa na rafiki wa kike, Esther Vanhomrigh, na akamtungia jina la siri la ushairi: Van kutoka jina la ukoo, Essa kutoka Esther. Utenzi wenye jina hilo ulichapishwa mwaka 1726, baada ya Esther kufariki. Na kipepeo? Mwaka 1807 mtaalamu wa wadudu, Fabricius wa Denmark, aliipa jenasi moja ya vipepeo jina la Vanessa. Yaani kipepeo ndiye aliyeitwa kwa jina la mwanamke. Watengeneza orodha wakaligeuza, kisha wakabandika Kigiriki juu ili lionekane la kale.

Hilo si sababu ya kuliacha. Jina lililotungwa na mtu anayempenda mtu lina historia nzuri kuliko mengi yenye "maana". Ila usije ukamhadithia mtoto ya Wagiriki, atakua na atasoma.

Sasa Anyango. Ni kweli, kwa Wajaluo majina mengi yanashika wakati: Atieno ni usiku, Achieng ni jua likiwaka, Akoth ni mvua, Adhiambo ni jioni, na Anyango ni asubuhi jua likishapanda, wavulana huanza na O, kama Onyango, babu yake Barack Obama. Lakini hiyo ni njia moja tu ya kupata jina. Njia nyingine ni kupewa la marehemu, na hapo saa haiangaliwi kabisa. Ukiuliza neno lina maana gani, jibu ni asubuhi. Ukiuliza kwa nini mtoto huyu ameitwa hivyo, jibu ni bibi mzaa mama wa mumeo. Ni maswali mawili, na orodha za simu zinajibu la kwanza tu. Nyerere lilikuwa jina la babake Mwalimu Nyerere kabla halijawa la taifa. Kwa Kizanaki ni viwavi, kwa sababu alizaliwa mwaka wa viwavi waharibifu. Mwalimu mwenyewe alizaliwa mwaka 1922, mvua ikinyesha, akapewa Kambarage, jina la mzimu wa mvua. Mtu akisoma "Nyerere: kiwavi" bila kisa chake, ataondoka amechanganyikiwa kuliko alivyokuja.

Na mbona mnabishana? Cheti kina nafasi ya majina yote mawili. Mtoto wenu anaweza kuwa Vanessa Anyango. Na kwenu Ukambani hamna jina? Mwende, aliyependwa, lingekaa vizuri pale katikati, naona mamako hajaulizwa.

Mwalimu, shikamoo. Sisi ni watu wa Unguja tunaoishi Muscat. Binti yetu Amani yuko darasa la pili. Mwalimu wake wa Kiarabu amewaambia wanafunzi kuwa Amani ni "matamanio". Bibi yake amehamaki, anasema Amani ni amani. (Baba Amani)

Marahaba. Bibi ana haki na mwalimu ana haki, kila mmoja anasoma neno lake.

Amani yetu imetoka kwenye أمان, usalama, na ndugu zake wa tumbo moja ni imani, amini na amana. Jina la wasichana wa Kiarabu ni أماني, wingi wa umniya, tumaini la moyo. Ndugu yake katika Kiswahili ni tamani. Tazama jinsi jina lilivyoandikwa kwa Kiarabu kwenye kitambulisho chake. Bila shaka mmeweka yaa mwishoni, kwa sababu nanyi mnatamka "amani", na Mwarabu akiiona yaa hiyo atasoma matumaini tu. Hamkukosea. Mfundisheni mtoto majibu mawili: darasani ajibu la mwalimu, kwa bibi ajibu la bibi.

Mwalimu, bwana asifiwe. Naitwa Baraka, wa Mwanza. Mhubiri mgeni alituambia Baraka kwa Kiebrania ni "radi", akanyanyua Waamuzi 4. Miaka yote nimejua mimi ni baraka. Mwanangu anazaliwa mwezi ujao na nilitaka awe Baraka wa pili. Je, nimekuwa radi? (Baraka, Mwanza)

Amina. Mhubiri wako alisoma vizuri, ila amekuonyesha mlango mmoja wa nyumba yenye miwili.

Katika Biblia ya Union, Waamuzi 4, Debora anamwita Baraka mwana wa Abinoamu aende kupigana na Sisera. Kwa Kiebrania mtu huyo ni Barak, na mwisho wa jina kuna herufi kofu, ile ka ya kooni. Maana yake ni umeme wa radi, na Waarabu nao umeme huo huuita barq. Watafsiri walipoliongezea irabu ya mwisho ili Mswahili alitamke, likagongana na neno letu baraka, ambalo kwa Kiarabu lina kafu, ka nyepesi ya mbele. Kwa Kiebrania mzizi huo wa baraka umetoa Baruku, yule mwandishi wa nabii Yeremia. Kwa hiyo ukitaka mbarikiwa wa Kiebrania ndani ya Biblia, nenda Yeremia 36. Ukitaka radi, kaa Waamuzi. Kwa Barack Obama hakuna utata: amerithi jina la babake, na babake alilipata kwa Hussein Onyango aliyekuwa amesilimu, kwa hiyo ni baraka ya kafu.

Wewe ni yupi? Mimi siwezi kukuambia, wala kamusi haiwezi. Umesema kwenye barua yako kwamba baba yako alikuwa mwinjilisti. Mwinjilisti anaweza kumwita mwanawe Baraka kwa sababu alimwona ni neema ya Mungu, na anaweza vilevile kumwita hivyo kwa sababu wiki ile alikuwa akihubiri habari za Debora, au Waebrania 11, ambako Baraka anatajwa na Gideoni na Samsoni miongoni mwa watu wa imani. Umeandika pia kwamba mama yako yupo Magu na simu anayo. Mpigie leo, kabla hujamwandikisha mtoto, na umuulize baba alisema nini siku aliyokuita.